Posa ya Chai ya Kijani

Songea nzima hapakuwa na mtu aliyeaminiwa kupeleka posa kumzidi Bi Leokadia, na sababu haikuwa maneno, maana wenye maneno ni wengi. Sababu ilikuwa tumbo. Ukweni ukipewa kitu ukakibakiza, umewatukana wenye nyumba, umemtukana na binti aliyekipika, na hapo hata ukiongea kama malaika utarudi mikono mitupu. Yeye hakuwahi kubakiza. Aliwahi kunywa togwa iliyochacha mpaka ikawa inachemka yenyewe bila moto. Aliwahi kula kuku ambaye ndani yake bado alikuwa na mawazo ya kuishi. Na kule Tunduru alimaliza bakuli zima la mboga ambayo mpaka leo haijui jina, akaomba na nyongeza. Posa zake zote zilipokelewa. Wapo waliosema ana nyota, lakini yeye mwenyewe alijua kazi iliyofanyika.

Kwa hiyo Tito alipopata mchumba huko Marekani, hakuhangaika kutafuta mshenga mwingine. Alimkatia tiketi shangazi yake.

Hii haikuwa posa kama zile nyingine. Tito ni mtoto wa kaka yake, amemlea tangu hajui kufunga vifungo vya shati, baada ya baba na mama yake kufariki mmoja akimfuata mwenzake. Sasa ni mwanamume mzima anayeegesha magari ya wageni kwenye hoteli moja ya mji wa Alexandria, hukohuko Marekani, na anaishi peke yake kwenye ghorofa huko West End. Siku aliyofika, Bi Leokadia alifungua kabati la jikoni akakuta sahani moja, kikombe kimoja na kijiko kimoja. Alilifunga taratibu, akaingia bafuni, akajifungia, akalia huku amefungulia maji ili asisikike. Mtu akiugua usiku huku, nani anamchemshia maji? Akirudi kazini na maudhi yake, anamsimulia nani? Aliapa palepale kwamba hapandi ndege ya kurudi mpaka mtoto huyu apate wa kukaa naye, na kwamba atakula na kunywa chochote watakachomwekea mbele.

Mchumba mwenyewe ni Wairimu, binti wa Kikuyu anayetunza wazee kwenye nyumba ya kulelea wazee huko Wheaton. Wazazi wake wanakaa Manassas na wamekuwa Amerika miaka mingi. Wairimu hakutaka wazee wakutane nyumbani kwao, maana ukishafika kwa Wakikuyu na kukaribishwa ndani, shughuli inakuwa kubwa, mbuzi wanaanza kutajwa, na yeye alitaka kwanza watu waonane tu. Akachagua mahali Rockville, ghorofa ya juu ya duka la magodoro, wanapoonjesha watu chai.

"Shangazi, usi-worry," Tito alimwambia walipokuwa kwenye foleni ya magari, barabara ya Beltway. "Ni kitu casual tu. Mnakaa, mnaonja chai, mna-meet. Hakuna hotuba."

"Chai ya nani?"

"Ni mahali anapapenda Wairimu. We' fuata tu wanavyofanya wazazi wake, utakuwa sawa."

Bi Leokadia aliliweka neno hilo kichwani. Kufuata alikujua.

Walipofika tu, simu ikalia. Wairimu alikuwa amekwama kazini, mwenzake wa kumpokea zamu hajatokea, na wazee wa watu hawaachwi hivihivi. Tito akasema anamfuata na gari, si mbali, wao waanze. Akamshusha shangazi yake mlangoni na kuondoka, na hivyo ndivyo ilivyotokea kwamba wakwe wakakutana kwenye ngazi za duka la magodoro bila kuwa na mtu hata mmoja wa kuwaeleza chochote.

Mzee Kimani, baba yake Wairimu, alikuwa amevaa suti ya kijivu na tai. Mkewe, Mama Nkatha, alikuwa na kofia ya kanisani yenye ua. Walimshika Bi Leokadia mkono kwa zamu, wakarudia tena.

"Karibu sana Amerika, mama," alisema Mzee Kimani. "Tumesikia uko mtu wa heshima."

"Heshima ni yenu, Baba Wairimu," akajibu, akasogea kando ili watangulie. Nao wakasogea kando ili yeye atangulie. Walisimama hapo kwa muda, kila mmoja anamwonyesha mwenzake ngazi, mpaka mume na mke wa Kizungu waliovaa nguo za mazoezi wakaomba njia, wakapita katikati, nao wakawafuata hao.

Juu palikuwa na chumba kimoja kilichotandikwa mikeka. Binti wa Kijapani aliyevaa aproni aliwapokea kwa kuinama, akawaomba wavue viatu. Bi Leokadia alimtazama na hakuona ajabu. Siku chache alizokaa huku alishagundua kwamba hakuna mtu anayefanya la kwake mwenyewe. Kanisa la Watanzania limepangwa kwenye jengo la Wakorea, keki ya ubatizo wa mtoto wa jirani yake Tito ilipikwa na mama wa El Salvador, na ibada ya mazishi aliyopelekwa Jumamosi ilirekodiwa na Mwethiopia. Kama Wakikuyu nao wamemkodi Mjapani awaendeshee mila yao ya kupokea wakwe, basi ndiyo maisha ya ughaibuni. Aliwasikitikia kidogo, lakini alivua viatu.

Binti aliwaonyesha namna ya kukaa, magoti chini, makalio juu ya visigino. Kisha akaona umri wao, akaleta vibenchi vifupi, akasema kwa Kiingereza kwamba wenye magoti mabaya wakae hapo bila wasiwasi. Bi Leokadia ana goti baya. Lakini alimwona Mzee Kimani akipiga magoti huku tai inamning'inia, uso umekaza kama mtu anayebeba friji, akajua hapa benchi ni mtego. Akapiga magoti naye. Mzee Kimani alipomwona amepiga magoti, alikitazama kibenchi chake kwa huzuni, akakisukuma mbali.

Wale Wazungu walikaa kwenye vibenchi. Bi Leokadia alijiuliza ni akina nani. Akakata shauri kwamba ni majirani wa familia waliokuja kuwa mashahidi, akawapungia mkono. Wakampungia.

"Kabla tuanze," alisema Mama Nkatha, "tuombe."

Akaomba. Alimshukuru Mungu kwa kuwavusha barabara ya 66 bila ajali. Alikemea roho ya kuchelewa. Aliikabidhi chai kwa jina la Yesu, na mikono iliyoitayarisha, na mimea yenyewe. Binti wa Kijapani alikuwa ameshika birika la maji ya moto, hakujua aliweke wapi, akainamisha kichwa nalo likifuka moshi usoni mwake. Mke wa Kizungu alifumba macho na kupumua kwa kina. Baada ya Amina, Bi Leokadia akaongeza ishara ya msalaba, na yule Mzungu mume, asitake kupitwa, akaijaribu pia akaikosea.

Ikafuata kujitambulisha, maana Mkenya hawezi kukaa na watu bila kujitambulisha. Mzee Kimani alisema kwa majina anaitwa Kimani, yuko na bibi mmoja, watoto watatu, na ameokoka. Akayarudia kwa Kiingereza kwa ajili ya Wazungu. Yule mume akaona zamu imemfikia, akasema jina lake na kwamba ana miezi miwili tangu aache kahawa.

"Bwana asifiwe," alisema Mama Nkatha.

"Milele," alisema Bi Leokadia.

Kwanza waliletewa vitamutamu vidogo vyenye umbo la ua. Bi Leokadia alitia chake mdomoni chote kwa pamoja. Ndani kulikuwa na maharage. Maharage yaliyopondwa, yenye sukari. Aliyatafuna akitazama ukuta, akimfikiria Tito na kile kijiko kimoja, akameza. Upande wa pili Mama Nkatha naye alikuwa anatazama ukuta.

Kisha binti akatia unga wa kijani kwenye bakuli, akamwagia maji, akauchapa kwa kifagio kidogo cha mwanzi mpaka ukatoa povu. Akampa kila mtu bakuli lake kwa mikono miwili. Alieleza, na Mzee Kimani akatafsiri kwa sauti ya kanisani, kwamba ulizungushe kidogo kabla ya kunywa, usinywee upande wake mzuri. Bi Leokadia akazungusha. Akanywa.

Mungu wangu. Ilikuwa ni majani. Si majani ya chai, majani yale ya kufyekwa uwanjani baada ya mvua, na nyuma ya majani kulikuwa na uchungu wa mwarobaini uliokuwa umejificha unamsubiri kooni. Hapakuwa na sukari wala tangawizi. Alihisi masikio yake yakisogea. Togwa ya kuchacha ilikuwa ni mchezo, sasa aliona, na hata yule kuku alikuwa mtu mwema. Akajikaza. Akainamisha bakuli mpaka mwisho, akaliweka chini jeupe.

Mzee Kimani alikuwa anamtazama. Alipoona bakuli tupu, alivuta pumzi, akaigugumia yake yote kwa mkupuo mmoja, macho yakamtoka. Loo, akawaza Bi Leokadia, kwa wenyewe hunywewa kwa mkupuo. Nimewaaibisha.

"Nimetembea nyumba nyingi," alisema, akiwa bado anatafuta ulimi wake ulipo. "Sijawahi kupewa chai ya heshima kama hii."

"Hata sisi, mama," alisema Mzee Kimani kwa sauti nyembamba. "Kusema tu ukweli, hatujawahi."

Binti wa chai alifurahi. Alisema hajapata wageni wanaomaliza upesi namna hiyo, akauliza kama wangependa nyingine kutoka shamba tofauti. Bi Leokadia alimtazama Mzee Kimani. Mzee Kimani alimtazama Bi Leokadia. Hakuna aliyetaka kuwa wa kwanza kumkosea mwenzake.

"Tafadhali," wakasema pamoja.

Ikaja nyingine, na hiyo ilikuwa na harufu ya samaki kwa mbali. Yule Mzungu mume, ambaye kwa kweli alikuwa anajua mambo mengi kuliko ilivyohitajika, akauliza kama ni kweli Japani mtu huvuta fundo la mwisho kwa kelele kuonyesha amemaliza. Binti akasema ndiyo, huwa hivyo. Bi Leokadia hakushika maneno yote, lakini alishika ile kelele aliyoigiza Mzungu. Basi fundo la mwisho akalivuta mpaka likasikika. Mzee Kimani akalivuta lake zaidi. Mama Nkatha akalivuta lake, likampalia, akapigwa mgongoni. Binti akawajazia tena, kwa mapenzi tu, na wao kwa heshima wakanywa tena, na chumba kikawa kinatoa milio kama zizi la ng'ombe wanaonyweshwa maji.

"Wairimu alituambia," alisema Mzee Kimani alipopata pumzi, "kijana wako ndiye alimfunza kukunywa hii."

Bi Leokadia alitabasamu. Alijua ukweni watu hupakana mafuta. Tito, ambaye utotoni alikimbizwa uwanja mzima na watu wazima ili anyweshwe mwarobaini, leo amfundishe binti wa watu kunywa hii? Lakini ilikuwa kauli ya uungwana, na kauli ya uungwana haibishiwi.

"Ni malezi tu," akasema.

Mzee Kimani akainamisha kichwa, akalitazama bakuli lake.

Tito hakutokea. Miguu ya Bi Leokadia ilikuwa imekufa tangu zamani, haikuwa hata inauma tena, ilikuwa ni mali ya mtu mwingine aliyoikalia. Tumbo, lile tumbo maarufu, lilikuwa linaunguruma kwa lugha ambayo hakuwahi kuisikia. Ndipo binti akachukua bakuli moja kubwa jeusi, akatia unga mwingi, maji kidogo, akaukoroga bila povu ukawa mzito kama rangi ya mafuta ya kupaka milango. Akaliweka katikati ya mkeka pamoja na kitambaa cheupe, akaeleza taratibu.

Mzee Kimani akatafsiri. Safari hii hakutumia sauti ya kanisani. "Anasema hii ya mwisho mtu hakunywi peke yake. Ni bakuli moja, sisi wote. Unakunywa, unapangusa mahali mdomo umeguza, unapea mwenzako. Anasema ni ya kuonyesha watu wamekuwa kitu kimoja."

Bi Leokadia akaliinamia bakuli. Basi ndiyo hii. Hii ndiyo ya kufunga maneno, yote yaliyotangulia yalikuwa ni kumpima. Hatua moja tu imebaki, na Tito ana mke. Akanyoosha mkono alichukue.

"Ngoja kidogo, mama," alisema Mzee Kimani.

Mkono ukabaki hewani.

"Wacha niseme ukweli kabla hatujakunywa kitu ya agano. Mimi ni mtu wa Limuru. Kwetu chai ni maziwa na majani na sukari, inachemka mpaka inapanda, unatoa sufuria. Wairimu tumemlea na hiyo. Sasa nimekaa hapa nimekunywa hii bila kulalamika, kwa sababu mmetuheshimu. Lakini nimekuwa nikijiuliza. Msichana wangu akikuja kwenu, kila asubuhi ni hii? Akizaa, analetewa hii? Kijana tumempenda. Wewe tumekupenda hata zaidi. Lakini siwezi nikapeana mtoto wangu kwa hii maisha. Sitaweza kulala."

Bi Leokadia alimsikiliza mpaka mwisho, na akamwelewa vibaya kabisa. Alishasikia kwamba wazee wa Kikuyu wakati wa posa hawasemi jambo waziwazi, hulizungusha. Akaona wazi kwamba mzee anaiponda chai ya kwao makusudi, ili aone kama mgeni naye ataiponda. Mtego mwingine, sawa na kile kibenchi. Akajinyoosha mgongo.

"Baba Wairimu," akasema, "chai hii ni tamu. Ningeweza kuinywa kila siku ya maisha yangu."

Uso wa Mzee Kimani ukaanguka. "Basi imeisha," akasema polepole. "Mama Wairimu, twende nyumbani."

Akajaribu kusimama. Miguu haikumsikia. Alishika mkeka, akainua kiuno, akarudi chini. Akajaribu upande wa pili, akarudi chini. Mke wa Kizungu alidhani ni zoezi, akalifanya naye. Na hapo, alipokuwa anahangaika na tai imemzunguka mgongoni, Bi Leokadia akaona machozi machoni mwake. Mtu anayefanya mchezo wa maneno hatoi machozi. Mzee huyu alikuwa anaondoka kweli. Angekuwa na miguu angekuwa ameshafika kwenye ngazi.

Bi Leokadia aliogopa kama ambavyo hakuwahi kuogopa kwenye posa yoyote. Aliliona lile kabati. Alimwona Tito akiwa mzee, amekaa kitandani na kikombe kimoja, anaongea na televisheni. Alijiona mwenyewe akiwa ameshazikwa Songea na hajui. Na sasa njia zote alizozijua zilikuwa zimekwisha, maana alikuwa amekula, amekunywa, amesifu, na bado posa ilikuwa inarudi. Lilibaki jambo moja ambalo hakuwahi kulifanya ukweni hata siku moja.

"Mzee Kimani," akasema. "Chai hii ni mbaya."

Mzee Kimani akaacha kuhangaika. "Ati?"

"Ni mbaya. Nisamehe, nisamehe sana, ni mila yenu na sina haki ya kusema. Lakini nimekunywa dawa za minyoo zenye ladha kuliko hii. Kila bakuli nilikuwa naomba Mungu liwe la mwisho. Kama binti yenu amezoea kuinywa, akija kwetu simkatazi, nitamwekea jiko lake. Ila mimi mwenyewe mnisamehe."

"Mila yetu?" alisema Mzee Kimani. "Yetu na nani? Si ni yenu?"

"Yetu wapi, baba?"

"Nyinyi si watu wa pwani? Nyinyi na hao watu wa Asia si mlianza biashara na meli kitambo?"

"Mimi natoka Songea," alisema Bi Leokadia. "Bahari nimeiona dirishani mwa ndege nikija huku."

Mama Nkatha alimtazama mumewe, akamtazama Bi Leokadia, akaitazama ile rangi ya milango katikati yao. Kisha akaanza kucheka. Alicheka bila sauti kwanza, kofia inatikisika, halafu sauti ikaja, na kwa kuwa naye hakuwa na miguu, akapinduka ubavu taratibu akabaki amelala kwenye mkeka, anacheka.

"Wairimu alituambia tufuate vile wewe unafanya," akasema akiwa hapohapo chini. "Mimi nimekula hiyo maharage juu yako."

"Mimi nimeambiwa niwafuate ninyi."

"Na magoti?" aliuliza Mzee Kimani. "Mama, si wewe ndiye ulitaka tupige magoti?"

Akacheka na yeye, kicheko cha mtu aliyekuwa amejiandaa kufiwa. Bi Leokadia alicheka mpaka akajishika ubavu. Yule Mzungu mume aliuliza kama kuna shida, na Mzee Kimani akajitahidi kumweleza kwa Kiingereza kwamba wao ni familia mbili na walikuwa karibu kukosana kwa sababu ya adabu. Mzungu akasema anawaelewa kabisa, kwao Krismasi huwa hivyohivyo. Binti wa chai, aliyekwisha kuelewa kwamba chai yake ndiyo inayosemwa, alifunika mdomo kwa mkono akacheka pia. Akasema wasijali, bibi yake mwenyewe hunywa kahawa.

Wakiwa katika hali hiyo, mmoja amelala na wawili wanafuta machozi, Tito na Wairimu wakaingia.

Wairimu bado alikuwa na sare yake ya kazini, anaomba msamaha kwa Kiingereza na Kiswahili kwa pamoja. Tito alivua viatu bila kuviangalia. Binti wa chai akamsalimia kwa jina. Akamuuliza kama anataka ileile ya siku zote.

"Ile nzito," alisema Tito, na hapohapo akaliona bakuli. "Aa, kumbe mmetuwekea. Asanteni, wazee."

Kabla ya mtu kumzuia, akapiga magoti, magoti yakakunjika kwa urahisi, akalichukua bakuli jeusi kwa mikono miwili, akalizungusha, akanywa. Akafumba macho. Bi Leokadia alimjua mtoto huyu. Alijua namna anavyofumba macho kwa kudanganya na namna anavyofumba kweli, na hapa alikuwa amefumba kweli. Alikuwa na raha.

Ilimuuma. Ilimuuma sana, na hakuwa amejiandaa. Yeye ndiye aliyemlisha uji kwa kidole, akajua asichokipenda na anachokiiba jikoni, na leo mtoto huyohuyo amekaa mbele yake anafurahia kitu ambacho yeye asingeweza kumpa hata kwa miaka mia, kitu ambacho tumbo lake lote lilikuwa linakikataa. Tito alikuwa amekulia mahali pengine tena, mara ya pili, na yeye hakuwepo.

Tito alifumbua macho. Akapangusa ukingo wa bakuli kwa kile kitambaa cheupe, mahali palepale mdomo wake ulipogusa, akaligeuza, akampa Wairimu. Alikuwa amekunywa kidogo tu. Sehemu kubwa ilikuwa imebaki, na ilikuwa imebaki makusudi, maana Wairimu hakushangaa, alilipokea kama anavyolipokea kila mara, akanywa yote, kisha akapitisha kidole ndani ya bakuli akalamba. Huyu Tito nyumbani alikuwa hata ukoko wa wali hamwachii mtu.

"Mama, ona wetu," alinong'ona Mzee Kimani. "Huyo amepotea."

"Na wangu pia," akajibu Bi Leokadia.

"Sasa nani mwingine ataishi na wao?" alisema Mama Nkatha kutoka chini.

Mzee Kimani akaivuta tai yake ikarudi mbele. Akakohoa. "Mama Leokadia, kuna neno ulitoka nalo huko Songea. Tafadhali litoe."

Alikuwa nalo. Alikuwa amelipanga ndani ya ndege, refu, lenye bustani na ua lililoonekana kwa mbali na mtu aliyepita akalipenda. Alifungua mdomo alitafute na halikuwepo. Mdomoni palikuwa na uchungu tu, na mbele yake kijana wa kaka yake amekaa karibu na msichana anayelamba kidole.

"Naomba asikae peke yake tena," akasema. "Ni hilo tu, Baba Wairimu."

Mzee Kimani alimtazama Tito, aliyekuwa na mstari wa kijani juu ya mdomo.

"Hatakaa," akasema.

Tito akauliza kuna nini, mbona wanamwangalia hivyo. Wairimu alichukua kile kitambaa cheupe, akamfuta mdomo.